Vyura Wawili Wenye Sura Moja

Methali ya Waswahili husema kwamba kelele za chura hazimzuii ng'ombe kunywa maji. Asemaye hivyo hukusudia kumtuliza mtu asijali maneno ya wasiokuwa na uwezo juu yake, na kwa kusudi hilo methali ni ya kweli. Lakini ni kweli ya ng'ombe, si kweli ya chura. Kwa chura mwenyewe mlio ule si kelele. Una kipimo chake, una msemaji wake, na una msikilizaji ambaye uhai wa kizazi chake wategemea kuusikia sawasawa. Habari ya chura mmoja mdogo wa Amerika ya Kaskazini yaonyesha jinsi wataalamu walivyokaa zaidi ya karne moja katika hali ya ng'ombe wa methali: walifika kidimbwini, walichota walichokitaka, wakaondoka pasipo kutambua kwamba sauti walizozisikia zilikuwa za wenyeji wawili, wala si za mmoja.

Chura huyo ni chura wa mitini wa kijivu. Urefu wake, tangu ncha ya pua hata mwisho wa kiwiliwili, ni baina ya sentimita 3 na 6, na jike humzidi dume kidogo. Makao yake ni nusu ya mashariki ya Marekani pamoja na sehemu za kusini za Kanada, tangu Texas na ufuko wa Ghuba ya Meksiko hata Manitoba na New Brunswick. Mchana hujibanza juu ya gome la mti, na usiku hutoka kuwinda wadudu. Wakati wa baridi kali hulala chini ya majani makavu, na sehemu kubwa ya maji ya mwili wake hugeuka barafu, moyo ukasimama, pumzi ikakatika. Na majira ya joto yarejeapo huyeyuka akaenda zake kana kwamba hapana lililotokea. Mwaka 1982 ilielezwa kwamba gliseroli iliyomo mwilini mwake humkinga na madhara ya barafu hiyo.

Kumtambua kwa macho si kazi nyepesi, kwa kuwa rangi yake haina ahadi. Juu ya gome huwa kijivu, katika majani huwa kijani, na pengine hupauka hata akakaribia weupe. Hata hivyo ana dalili tatu zisizobadilika. Ya kwanza ni baka jeupe chini ya jicho, lenye ukingo mweusi. Ya pili ni rangi ya manjano iliyoiva, yenye mabato meusi, upande wa ndani wa mapaja. Hiyo huonekana arukapo tu, na akitua hufichika tena. Ya tatu ni vidole vyenye ncha pana za kunata, ambazo kwazo aweza kupanda hata kioo cha dirisha. Mtu aliyeziona dalili hizo tatu ana haki ya kusema kwamba amemwona chura wa mitini wa kijivu. Ni yupi kati ya wawili, hilo macho hayamwambii.

Aliyekuwa wa kwanza kumpa chura huyu jina la kitaalamu ni John Eatton Le Conte, afisa wa jeshi la Marekani na mpenzi wa elimu ya viumbe. Mwaka 1825 alimwita Hyla versicolor, yaani mwenye rangi ya kugeukageuka. Na jina lilimfaa. Mwaka 1880 Edward Drinker Cope wa Philadelphia, mtaalamu mwenye sifa kubwa na mwepesi wa kutoa majina mapya, aliandika habari za chura aliyetoka Texas akamwita chrysoscelis, neno la asili ya Kiyunani lenye maana ya miguu ya dhahabu. Waliokuja baada yake waliwalinganisha vyura hao, wasione tofauti ya kutosha kuwatenga. Jina la Cope likawekwa chini ya jina la Le Conte, kama mtoto awekwavyo chini ya mlezi, na shauri likaonekana limekwisha.

Haifai kuwalaumu mno. Elimu ya wanyama ya karne ya 19 ilikuwa elimu ya macho na mikono. Mnyama aliyekamatwa alitiwa katika chupa ya spiriti, akaandikiwa mahali alipotoka na siku aliyokamatwa, akapelekwa katika jumba la makumbusho akapimwe miguu, kichwa na ngozi. Katika safari hiyo rangi hufifia, lakini umbo hubaki. Kitu kisichosafiri hata hatua moja ni sauti. Chura akifa mlio wake hufa pamoja naye, na hapana chupa iwezayo kuuhifadhi. Basi elimu ilijengwa juu ya kile kilichoweza kuhifadhiwa, na kile kisichoweza kuhifadhiwa kikadhaniwa kuwa si elimu.

Ufa wa kwanza katika ukuta huo ulionekana mwaka 1936. G. K. Noble na W. G. Hassler, wa Makumbusho ya Amerika ya Historia ya Viumbe mjini New York, waliandika habari za vyura wa kusini ya Maryland. Katika maelezo yao walitaja kwamba vyura wa kijivu wa pande zile walikuwa na milio ya namna mbili: mmoja mtetemo wa polepole, mwingine mtetemo wa haraka. Walioimba hivyo na walioimba vile walikuwa na sura moja. Jambo hilo lilichapishwa, likasomwa, na kwa muda mrefu halikuzaa tunda. Sababu yake yafahamika. Mtu aliyesema kwamba amesikia tofauti hakuwa na kitu cha kumwekea mwenziwe mezani. Mwenye mfupa huonyesha mfupa. Mwenye sauti alikuwa na kumbukumbu tu, na kumbukumbu ya sikio hupingwa kwa urahisi.

Vyombo ndivyo vilivyobadili hukumu hiyo. Katika Chuo Kikuu cha Cornell, Arthur Allen na Peter Paul Kellogg, waliokuwa mabingwa wa kunasa sauti za ndege, waligeukia vyura, na mwaka 1948 wakatoa santuri za milio yao. Mwaka 1958 Charles Bogert wa makumbusho yale yale ya New York alitoa santuri nyingine yenye aina 57, pamoja na maelezo marefu juu ya maana ya sauti katika maisha ya chura. Wakati huo huo mashine ya kuchora sauti, iliyobuniwa katika maabara za simu za Bell siku za Vita Kuu ya Pili, iliingia mikononi mwa wataalamu wa wanyama. Mashine hiyo huigeuza sauti kuwa picha juu ya karatasi, hata mapigo ya mlio yakaweza kuhesabiwa kama meno ya kitana. Kwa mara ya kwanza mwenye sauti alikuwa na kitu cha kuweka mezani.

Katika Chuo Kikuu cha Texas, W. Frank Blair na wanafunzi wake walikwisha kuanza kuutazama mlio wa chura kwa fikira mpya. Kwao mlio ulikuwa mlango, si pambo. Dume huita, jike huja kwa dume wa aina yake, humwacha asiye wa aina yake. Iwapo ndivyo, vyura wawili wenye milio miwili yawezekana ni aina mbili, hata kama mtu hawezi kuwapambanua kwa macho. Dai hilo lilihitaji kujaribiwa. Clifford Johnson aliwachukua vyura wa Texas wenye mlio wa polepole na wenye mlio wa haraka akawazalisha wao kwa wao. Mwaka 1959 alitangaza kwamba uzao wa mchanganyiko haukustawi kama uzao wa wazazi wa mlio mmoja. Mwaka 1966 akatoa shauri lake kwa ukamilifu: hao ni aina mbili. Jina la Le Conte likabaki kwa mwenye mlio wa polepole. Jina la Cope, lililokaa kivulini miaka mingi, likafufuliwa kwa mwenye mlio wa haraka.

Bado swali kubwa lilikuwa halijajibiwa: kwa nini viumbe wanaofanana hivyo kwa ngozi wasipatane kwa damu? Jibu lilikuja mwaka 1970, na lilikuwa la ajabu kuliko ilivyotazamiwa. Aaron Wasserman alizihesabu kromosomu za chura wa mlio wa polepole akazikuta 48. Yule wa mlio wa haraka ana 24, kama walivyo jamaa zake wengi. Mmoja, kwa hiyo, amebeba urithi uliorudufiwa: kila ukurasa wa kitabu chake umepigwa chapa mara mbili. Mambo ya namna hiyo yalijulikana sana katika mimea. Katika wanyama wenye uti wa mgongo wazaao kwa dume na jike yalikuwa nadra mno. Wazazi wa namna mbili wakikutana, mtoto hupata seti tatu za kromosomu badala ya mbili au nne, na aghalabu mtoto wa namna hiyo hafi mapema tu, bali hata akiishi hupata taabu kuendeleza kizazi.

Hapo ndipo uzito wa mlio ulipodhihirika. Jike huingia kidimbwini usiku akiwa na mayai mengi, pengine zaidi ya 1,000, na kazi ya mwaka mzima imo tumboni mwake. Mbele yake madume wanaita kutoka kila upande, na katika nchi ambako aina zote mbili zakaa pamoja, kama Missouri, Wisconsin, Maryland na sehemu za Texas, madume wa aina mbili waweza kukaa katika kichaka kimoja. Akikosea, mayai yake yatapotea karibu yote. Macho hayamsaidii kuliko yalivyomsaidia Cope. Hana ila masikio. H. Carl Gerhardt wa Chuo Kikuu cha Missouri alitumia miaka mingi kuwajaribu majike kwa vipaza sauti viwili, kimoja kikitoa mlio wa huku, kingine mlio wa huko. Majike walikiendea kipaza sauti chenye mwendo wa mapigo ya aina yao. Jambo lililowachukua wataalamu zaidi ya karne kulifahamu, kiumbe asiyezidi uzito wa gramu chache alilijua kila mwaka, gizani, pasipo kufundishwa.

Lakini elimu ya sikio nayo ina mitego. Damu ya chura hufuata joto la mahali alipo. Usiku wa joto mlio huenda mbio. Usiku wa baridi hukokota. Kwa joto la nyuzi 20 hivi mwenye mlio wa polepole hutoa mapigo yapatayo 20 na kitu kwa sekunde moja, na mwenziwe hutoa 40 au zaidi. Katika kidimbwi kimoja, usiku mmoja, wa pili humshinda wa kwanza karibu maradufu, na sikio lililozoea halikosei. Lakini mtu akimsikia mmoja peke yake, bila kujua joto la usiku ule, aweza kudanganyika: mwepesi aliyepigwa na baridi hufanana na mzito aliyepata joto. Ndiyo maana mchunguzi wa vyura hawa huchukua kipimajoto pamoja na kinasa sauti. Na jike je? Mwaka 1978 Gerhardt alionyesha kwamba upendeleo wa jike nao hupanda na kushuka pamoja na joto. Msemaji na msikilizaji hubadilika kwa kadiri moja, na mapatano yao hayavunjiki.

Mwanafunzi atakaye kumtambua chura huyu leo hana budi kufuata mwendo huo huo. Na afike kidimbwini baada ya jua kutua, katika mwezi wa Mei au Juni, hasa baada ya mvua yenye uvuguvugu. Asichukue sauti ya kwanza aisikiayo, maana chura wa nchi kavu wa Amerika hutoa mtetemo mrefu na mwembamba unaoweza kuendelea nusu dakika, na chura mdogo wa masika mwenye alama ya msalaba mgongoni hutoa mluzi mmoja unaopanda. Mlio wa chura wa kijivu ni mfupi, wa sekunde moja hivi au pungufu. Ule wa polepole una utamu ndani yake, kama kicheko cha mtu mwenye moyo mwema, na sikio hukaribia kuyatenga mapigo yake. Mchana hata ndege kigong'ota wa nchi ile aweza kudhaniwa kuwa ndiye. Ule wa haraka ni mkavu na mkali, mapigo yake yamebanana hata yakawa mkwaruzo mmoja. Baada ya kusikiliza, na apime joto, ahesabu, kisha ndipo amulike kwa taa kutafuta baka jeupe na mapaja ya manjano. Macho yathibitishe kile ambacho sikio limekwisha kuamua.

Hasara ya kuchelewa kuyajua haya ipo, na ipo katika majumba ya makumbusho. Katika rafu zake wamo vyura wa kijivu waliokusanywa tangu karne ya 19, na vibandiko vyao vimeandikwa kwa uangalifu mahali, siku na mkusanyaji. Jambo moja halikuandikwa, kwa sababu hakuna aliyeona kwamba lilistahili kuandikwa: namna chura yule alivyokuwa akiimba alipokamatwa. Ramani za kale za makao yao zimechanganya aina mbili kwa jina moja. Pengine ukubwa wa chembe hutoa msaada, kwani chura mwenye kromosomu 48 ana chembe kubwa kuliko mwenziwe. Lakini chura aliyekaa miaka 100 katika chupa hajibu kila swali. Mabwawa mengi alimotoka aliyetiwa chupani yamekwisha kukaushwa au kujengwa juu yake, wala hapana wa kurudi huko kusikiliza. Shahidi amehifadhiwa vizuri, lakini ushahidi ulimtoka siku ile ile ya kwanza.

Wala haikuwa mara moja tu. Mwaka ule ule wa 1936, mjini New York, Carl Kauffeld alianza kuandika kwamba vyura wenye madoa kama ya chui wa pande zile walikuwa aina tatu, si mbili. Hakuaminiwa, na shauri lake likasahauliwa. Kiasi cha miaka 70 baadaye mtafiti mmoja aliwasikia vyura wa Staten Island wakitoa mlio mfupi mmoja mmoja, kama kikohozi, mahali alipotazamia mkoromo mrefu. Uchunguzi wa urithi ulithibitisha jambo hilo mwaka 2012, na mwaka 2014 chura yule alipewa jina la Rana kauffeldi, kwa heshima ya mtu ambaye wakati huo hakuwapo tena duniani. Chura asiyejulikana alikuwa akiita kando ya mji mmojawapo wenye wasomi wengi kupita yote ulimwenguni.

Kuhusu chura wa kijivu, uchunguzi umezidi kwenda mbele. Mwaka 2001 ilionyeshwa kwamba kuongezeka kwa seti ya kromosomu peke yake, kulikofanywa kwa mikono ya wataalamu, hupunguza mwendo wa mapigo ya mlio; na mwaka 2012 ikaonekana kwamba jike wa namna hiyo naye hugeuza upendeleo wake kuelekea mlio wa polepole. Yaani badiliko moja ndani ya chembe laweza kumpa dume lugha mpya na kumpa jike sikio la kuifahamu. Juu ya asili yenyewe wataalamu walitofautiana. Mwaka 2006 ilifikiriwa kwamba aina ya pili ilizaliwa mara nyingi kutoka kwa mababu mbalimbali. Uchunguzi mpana zaidi wa mwaka 2022 ulielekea kwamba iliyumkini ilianza kwa kurudufika kwa urithi wa ukoo mmoja wa aina ya kwanza, ukoo ambao sasa umetoweka, kisha ikachanganyika na majirani zake mara kwa mara. Mlango wa sauti, basi, ni imara, lakini haukufungwa kabisa. Mara moja moja jike hukosea, na makosa machache yaliyofanikiwa yameacha alama katika damu.

Hata jina halijatulia. Tangu mwaka 2016 wako wanaowaita vyura hawa Dryophytes badala ya Hyla, na wako wanaoshika lile la zamani. Hayo ni mashauri ya wenye vitabu, na yataamuliwa na wenye vitabu. Kidimbwini hayasikiki. Kila mwaka barafu iyeyukapo, madume wawili wenye sura moja hupanda katika kichaka kimoja wakaanza kuita, huyu kwa utulivu na huyu kwa haraka. Na jike, mwenye mayai yote ya mwaka tumboni mwake, hukaa kitambo majini akasikiliza kabla ya kwenda.